Kadi ya Picha Iliyozeeka

Leo hatutasoma habari za mbolea wala za kuchemsha maji. Tutasoma habari za mashine, kwa kuwa swali limeletwa, na swali lenyewe lina fedha ndani yake.

Mama mmoja wa Shirimatunda, hapa Moshi, ni mwanafunzi wa darasa la jioni. Ana kibanda cha gemu. Ndani ya kibanda mna kompyuta moja, nayo ni mtumba. Vijana huja jioni, hulipa, huketi na kuendesha lori katika mchezo uitwao Euro Truck Simulator 2. Mchezo huo ulitolewa mwaka 2012 na kampuni ya SCS Software ya mji wa Prague, katika nchi ya Cheki. Mchezaji hupakia mzigo, hupita barabara za Ulaya, na akipita taa nyekundu hutozwa faini. Vijana waliokulia kando ya barabara ya malori yaendayo Himo na Holili hawahitaji kuelezwa utamu wake.

Basi, lori likaanza kusitasita. Badala ya kwenda, likawa linaruka kama panzi. Vijana wakahamia kibanda kingine. Fundi alipoitwa alitazama akasema, "Mama, kadi yako ya picha imezeeka. Nunua mpya." Mama akaja darasani, akauliza: "Mwalimu, nikope fedha za VICOBA ninunue kadi, au nisikope?"

Hilo ndilo somo letu. Fungueni daftari.

Kwanza tujue kadi ya picha ni kitu gani. Ndani ya kasha la kompyuta mna kibao chembamba chenye feni. Kazi yake ni kuchora. Kila unachokiona kwenye skrini, barabara, lori, mti, wingu, kimechorwa na kadi hiyo, kitone kwa kitone. Kadi ya mama huyu huitwa GeForce GTX 750 Ti. Ilitolewa mwaka 2014 na kampuni ya NVIDIA ya Marekani. Ina kumbukumbu yake yenyewe ya gigabaiti 2. Ni kadi ya siku nyingi, lakini si kadi mbovu.

Sasa tufanye hesabu. Skrini yake ina vitone 1920 kwa upana na vitone 1080 kwa kimo. Zidisheni. Jawabu ni vitone 2,073,600. Hiyo ni picha moja tu, nayo haitembei.

Wazee watakumbuka gari la sinema. Picha za sinema hazitembei hata kidogo. Ni picha zilizotulia, zinapitishwa 24 kwa kila sekunde, na jicho ndilo linaloziunganisha. Mchezo wa kompyuta ni vivyo hivyo, ila wataka picha 30 kwa sekunde au zaidi, maana mchezaji anageuza usukani na anangoja kuona lori likigeuka. Basi zidisheni 2,073,600 kwa 30. Mtapata 62,208,000. Kadi ile yatakiwa kuchora vitone milioni 62 na zaidi kabla hujamaliza kutamka neno "Shirimatunda" mara moja. Ikishindwa, haisemi kwamba imechoka. Huleta picha chache, pengine 14 badala ya 30, na lori linaruka.

Jumamosi tulikwenda kibandani. Hatukugusa mipangilio kwanza. Tulitazama nyuma ya kasha, waya wa skrini umechomekwa wapi. Kompyuta yenye kadi huwa na matundu mahali pawili: moja ni la mashine yenyewe, jingine ni la kadi. Mtu akichomeka kwenye tundu la mashine, kadi hukaa bure, na atalaumu kadi isiyofanya kazi yoyote. Waya wa mama ulikuwa mahali pake. Kisha tulizima umeme, tukachomoa waya ukutani, tukafungua kasha. Vumbi lilikuwa limeganda juu ya feni kama ukoko wa ugali. Tulilitoa kwa brashi laini na kavu. Hili si jambo dogo. Kadi ikipata joto sana hujipunguzia mwendo yenyewe isije ikaungua, na joto la Moshi mwezi wa Februari mnalijua.

Tukawasha. Mwanawe, kijana wa kidato cha pili, akafungua ukurasa wa mipangilio. Akasema, "Mama, mimi ndiye niliyebadilisha hapa," na sauti yake ikawa ndogo. Alitaka picha ziwe nzuri, basi kila kitu alikipandisha hadi juu kabisa.

Maneno ya ukurasa ule ni ya Kiingereza. Msiogope, ni machache, nanyi herufi mnazijua. Andikeni. L, O, W: chini. M, E, D, I, U, M: wastani. H, I, G, H: juu. U, L, T, R, A: juu kupita kiasi. Mwenye maneno hayo manne anaweza kuitawala kadi yake bila kumwita fundi. Mama aliyasoma yote manne mwenyewe, kwa kidole, na mwanawe akamtazama.

Halafu tulifanya jambo ambalo nawaomba mlishike. Tulichukua daftari, tukapiga mstari katikati. Upande wa kushoto tuliandika kitu tulichobadilisha, upande wa kulia hesabu ya picha kwa sekunde. Programu ya Steam, ambayo watu wengi huitumia kununulia michezo, ina alama ya kuonyesha hesabu hiyo pembeni mwa skrini. Tulibadilisha kitu kimoja, tukaendesha lori barabara ile ile, tukaandika. Ndipo tukabadilisha cha pili. Anayebadilisha vitu vitano kwa pamoja hatajua ni kipi kilichomsaidia, na pengine atapoteza uzuri wa picha bure.

Hesabu ya kwanza ilikuwa 14.

Kosa kubwa lilikuwa mahali pa kukuza vitone. Kijana alikuwa amepaweka asilimia 400. Maana yake ni kwamba kadi ilichora vitone mara nne ya vile vya skrini, yaani 8,294,400 kwa kila picha, kisha ikavibana vienee. Faida yake ni kingo za vitu kuwa laini. Ni kama kumlipa mchoraji achore picha kubwa kama ukuta, halafu uitazame kwenye stempu. Tulirudisha asilimia 100. Hesabu ikawa 27.

Cha pili kilikuwa vioo vya pembeni vya lori. Hapa watu wengi hukosea, wakidhani kioo ni kitu kidogo. Lakini kioo kinaonyesha yaliyo nyuma ya lori, na hayo nayo lazima yachorwe. Kila kioo ni picha nyingine juu ya picha. Hatukuvizima, maana dereva hawezi kurudisha tela nyuma bila vioo. Tulivishusha mpaka LOW. Hesabu ikawa 33, na hakuna kijana aliyetambua tofauti.

Cha tatu, vivuli. Simama chini ya mgomba saa sita mchana. Kila jani lina kivuli chake, chenye mipasuko yake, nacho hutikisika na upepo. Ili kuchora hayo, kadi huutazama kwanza ulimwengu kutoka upande wa jua, ipate kujua ni kitu gani kinachoziba mwanga. Kisha huanza upya kuchora kile unachokiona wewe. Ni kazi mara mbili. Tulishusha vivuli kutoka ULTRA hadi MEDIUM. Kingo za vivuli zikawa na ukungu kidogo. Hesabu ikawa 38.

Kisha miti na majani ya kando ya njia. Mpangilio huu ukiwa juu, mchezo huchora majani mengi na miti ya mbali. Sisi wa Moshi tusisumbuke nao. Asubuhi Kibo chaonekana, saa nne wingu limekifunika, wala hakuna anayekwenda polisi kusema mlima umeibiwa. Dereva hutazama barabara. Tuliweka MEDIUM, ikawa 41.

Kitu kimoja tulikiacha juu, nacho ni zile picha zinazovishwa vitu: rangi ya bodi ya lori, mikwaruzo ya lami, matofali ya nyumba. Hizi hazilii nguvu nyingi za kadi. Zinachokula ni kumbukumbu. Fikirini kihamba cha familia. Migomba, kahawa na banda la ng'ombe vikienea, kazi zote hufanyika karibu. Visipoenea, itakubidi kulima shamba la mbali kule tambarare, na kila ukitaka kitu ni safari. Kumbukumbu ya kadi ikijaa, kadi huenda kuchukua vitu katika kumbukumbu ya kompyuta, njia yenyewe ni nyembamba, na picha hukwama mpaka vifike. Dalili yake ni hii: mchezo huenda vizuri barabarani, lakini ukiingia mji mpya husimama ghafla, kisha huendelea. Ukiona hivyo, shusha picha za kuvisha. Ukiona mchezo ni mzito wakati wote, hizo hazina hatia. Kwa mama hapakuwa na kukwama, basi tukaziacha, na lori likabaki liking'aa.

Mjini, penye magari mengi, hesabu ilishuka hadi 31. Sasa nisikilizeni vizuri, maana hapa ndipo palipokuwa na fedha za VICOBA.

Kadi huchora, lakini si kadi inayoamua magari yale yaende wapi. Hiyo ni kazi ya prosesa, ubongo wa kompyuta. Utajuaje ni nani anayechelewesha mwenzake? Punguza vitone vya skrini kwa muda tu. Tuliweka 1280 kwa 720, yaani vitone 921,600, chini ya nusu ya vile vya awali. Hesabu ikipanda, aliyekuwa akilemewa ni kadi. Hesabu ikikaa pale pale, kadi haina neno, mwenye mzigo ni prosesa, na hata ununue kadi ya bei gani mchezo hautakwenda haraka zaidi. Kila mtu afanye jaribio hili kabla ya kufungua mfuko. Ni la dakika tano na halina gharama.

Yetu ilipanda hadi 52. Fundi basi hakusema uongo, kadi ndiyo iliyokuwa ikilemewa. Lakini kulemewa si kufa, na fundi hakuuliza mzigo umepakiwa na nani.

Tena kulikuwa na jambo la umeme. Kompyuta ya mama ni Dell OptiPlex 7010 ya kasha la kusimama, mashine ya ofisi, na pawa saplai yake ni ya wati 275. GTX 750 Ti hutumia wati 60 tu. Kadi kama GeForce RTX 3060, ya mwaka 2021, hutumia wati 170, na NVIDIA hushauri pawa saplai ya wati 550. Zidisheni 275 kwa 2 mwone wenyewe. Mama angekopa akanunua kadi, kisha angekopa tena kwa ajili ya pawa saplai.

Tulirudisha vitone 1920 kwa 1080, tukaweka kikomo cha picha 30 kwa sekunde katika programu ya NVIDIA. Kijana aliuliza, "Mwalimu, mbona tunapunguza, na tumeshapata 41?" Ni swali zuri. Picha zikiwa 41 hapa na 31 pale, mkono wa mchezaji huona lori linabadilika tabia. Zikiwa 30 kila mahali, jicho huzoea. Na kadi isiyokimbizwa hupata joto dogo.

Mama hakukopa mwezi ule. Lakini sitawadanganya. Vijana wake wameanza kuulizia michezo mipya, na mchezo uliotengenezwa kwa kadi zenye gigabaiti 8 hautaingia katika gigabaiti 2 kwa kushusha vivuli. Siku hiyo atarudi darasani na daftari lake, nasi tutapiga hesabu upya.

Zoezi la wiki hii. Skrini ina vitone 1600 kwa upana na 900 kwa kimo. Ni vitone vingapi kwa picha moja? Ni vingapi kwa sekunde, picha zikiwa 30? Andikeni jawabu kwa tarakimu, kisha kwa maneno. Mwenye kompyuta karibu na asome ukurasa wa mipangilio, aandike katika daftari kila mahali alipoliona neno HIGH.

Kwaherini, mpaka wiki ijayo saa hizi hizi.