Sungura Avuka Mpaka wa Tunduma

Paukwa! Pakawa.

Sungura wa Tunduma alikuwa na gunia la mchele wa Kamsamba, na mteja wake Fisi alikaa ng'ambo ya mpaka, Nakonde, nchini Zambia. Asubuhi moja Fisi akapiga simu.

"We Sungura, kwako saa ngapi?"

"Saa nne kamili."

"Kwangu saa tatu!" Fisi akacheka. "Nimekuibia saa moja!"

Hakuiba kitu. Saa ya Tanzania iko saa 3 mbele ya saa ya Greenwich, ya Zambia iko saa 2 tu. Ndiyo maana watu wa Tunduma na Nakonde, wanaovuka kila siku kwenda sokoni, wakipanga kukutana huulizana kwanza: saa ya Tanzania au ya Zambia?

Sungura akaandika alichokisikia, x ikiwa ni tofauti ya saa: 4 + x = 3. Huu ni mlinganyo. Pande zake mbili ni sawa, kwa hiyo ukiugusa upande mmoja, uguse na wa pili vilevile. Tunataka x ibaki peke yake, basi toa 4 huku na huku: x = 3 − 4, yaani x = −1. Hasi moja. Anayevuka kwenda Nakonde anarudisha saa yake nyuma kwa saa moja.

Sungura akapeleka mchele, akalipwa, akaanza kurudi. Sasa tuichukue ile barabara kuu itokayo Dar es Salaam na kuingia Zambia hapohapo Tunduma, tuifanye mstari wa namba. Mpaka uwe sifuri. Upande wa Tunduma namba ni chanya, upande wa Nakonde ni hasi, na kila moja ni hatua mia. Fisi akapiga tena.

"Umefika wapi?"

"Tangu mlangoni kwako nimekwenda 7 kuelekea Tanzania, sasa niko kwenye 4. Haya niambie, mlango wako uko wapi?"

Fisi, kwa pupa yake, akatoa ndogo kwenye kubwa. "Saba toa nne, tatu! Uko kwenye 3!"

Tatu ni Tunduma! Fisi kajihamishia nchi nyingine bila hata kugonga muhuri. Tena ukianzia 3 ukaongeza 7 unafika 10, si 4. Mlinganyo ni x + 7 = 4. Toa 7 pande zote: x = 4 − 7 = −3. Jaribu: −3 + 7 = 4. Mlango uko Nakonde, hatua mia tatu kutoka mpakani.

Kuzidisha nako hakutishi. Fisi akitoka mpakani akaenda mara tatu, kila mara mwendo uleule y, akajikuta kwenye −12, basi 3y = −12. Gawanya kwa 3 pande zote: y = −4. Kila mara alizidi kuingia Zambia.

Penye mtego ni hapa. Sungura ana maghala mawili, moja kila upande, umbali sawa kutoka mpakani. La Tunduma liko kwenye 5, la Nakonde tuliite x. Alama ya hasi mbele ya x inasema: ruka mpaka, nenda umbali uleule upande wa pili. Kwa hiyo −x = 5. Wengi huishia hapo na kuandika x = 5, kumbe swali linataka x, si −x. Zidisha pande zote kwa −1, upate x = −5.

Sasa zamu yako. Lori liliondoka mahali fulani barabarani, likaenda 6 kuelekea Zambia, likasimama kwenye −2: x − 6 = −2. Liliondokea wapi? Ukipata −8, umetoa 6 mahali pa kujumlisha, rudia. Ukipata 4, umelikuta Tunduma.