Forester Ipi? Usitazame Umbo, Uliza Injini

Kuuliza si ujinga, walisema wahenga. Mimi naongeza kwamba kutouliza kuna bei yake, na nyumbani kwetu bei hiyo nusura ilipwe kwa karo ya dada yangu. Ndiyo maana mwalimu mlezi wa chama alipotutaka tuandike makala za jarida, niliwaachia wenzangu mazingira, nidhamu na umuhimu wa Kiswahili, mimi nikachukua gari.

Usicheke, mpenzi msomaji. Gari lenyewe ni Subaru Forester, ambalo huwezi kutoka langoni mwa shule hadi steji bila kupishana nalo. Si saluni, si Landrova. Ni kama popo, ambaye ndege wanamkana na wanyama wanamkana. Mwili wake umeundwa kama wa saluni, lakini limeinuka kutoka ardhini na magurudumu yake yote manne yanavuta.

Kisa ni hiki. Nyanya yangu anaugua figo, na mara mbili kila juma lazima apelekwe Eldoret kusafishwa damu. Kwetu ni ndani ndani, ng'ambo ya Kapsabet, kama kilomita 60 kutoka Eldoret, na kilomita 9 kati ya hizo ni udongo mwekundu. Wakati wa kiangazi matatu hufika. Masika yakianza hakifiki chochote ila bodaboda, na Aprili ya mwaka jana bodaboda iliteleza naye. Hakuvunjika mfupa, Mungu ni mwema, lakini alifika hospitalini zamu yake ikiwa imepita, amelowa matope hadi kwenye kitambaa cha kichwa. Jioni hiyo baba, ambaye ni mwalimu wa shule ya msingi, alisema ataomba mkopo wa chama cha akiba na mikopo anunue gari.

Hapo ndipo vita vilipoanza. Kwamba liwe Forester, wote tulikubaliana, kwa sababu ya matope. Lakini Forester ipi? Baba alitaka ile ya bei ya chini kuliko zote. Mama alitaka ya sura mpya, maana alisema gari kuukuu ni kununua ugomvi. Mjomba naye, ambaye tangu utotoni hajasahau jinsi Colin McRae alivyoshinda Safari Rally mwaka 1997 akiwa ndani ya Subaru Impreza, aliruka kitini: "Mwalimu, hapa ni tabo tu! Bila tabo hiyo si Subaru!" Nyanya akauliza kutoka chumbani kwa nini twende kununua gari Turbo, ilhali Eldoret ni karibu zaidi. Tulicheka mbavu nusura zivunjike. (Kwa wasiojua, Turbo ni mji ulioko njia ya Eldoret kwenda Webuye.)

Mimi sikuwa na la kusema. Lakini sisi wanafunzi wa kutwa tuna bahati moja ambayo wenzetu wa bweni hawana: tunapita njiani kila siku. Njia yangu inapita karibu na mafundi wa jua kali, na kuna fundi mmoja mzee ambaye amefungua Subaru nyingi kuliko vitabu nilivyofungua mimi. Nilimwomba anifundishe. Akapangusa mikono, akasema: "Kijana wangu, watu huoa sura, halafu wanaishi na tabia. Gari ni hivyo hivyo. Njoo nikuonyeshe tabia."

Kwanza, injini ya Subaru haifanani na nyingi uzijuazo. Katika magari mengi silinda zimesimama wima kwa mstari. Katika Forester zimelala, mbili kushoto na mbili kulia, na pistoni zinapokwenda huku na huku ni kama mabondia wawili wanaotupiana ngumi. Kwa kuwa injini imelala, uzito wa gari unakaa chini, nalo halipepesuki ovyo kwenye kona. Hasara yake ni kwamba plagi ziko ubavuni, na fundi hufanya kazi amejikunja. Subaru ilianza kutumia injini ya namna hii mwaka 1966. Jina lenyewe Subaru ni la Kijapani, na maana yake ni kile kishada cha nyota ambacho sisi Waswahili tunakiita Kilimia, nyota zilizowaonyesha wakulima majira ya kulima. Tazama nembo ya gari hilo utaziona.

Sasa tuje kwa vizazi. Forester ya kwanza ilitoka mwaka 1997, na fundi huiita SF. Ya pili, SG, ilianza mwaka 2002. Ya tatu, SH, ilitoka Japani mwishoni mwa mwaka 2007, nayo ndiyo ilipanuka na kuinuka ikafanana na jipu. Ya nne, SJ, ilianza mwishoni mwa mwaka 2012. Ya tano, SK, ilianza mwaka 2018. Kizazi cha sita tayari kimetoka, lakini hicho tuwaachie wenye nacho.

Hapa sheria yetu inaingia. Kenya hairuhusu kuingiza gari kuukuu lililopitisha miaka 8 tangu kusajiliwa mara ya kwanza. Kwa hiyo mwaka huu wa 2026 gari la kuagiza kutoka Japani lazima liwe la mwaka 2019 kuja mbele, yaani SK. Ukitaka SH au SJ itakubidi ununue kwa mtu ambaye tayari analiendesha hapa nchini. Mama aliposikia bei ya kuagiza SK, ambayo ilikuwa zaidi ya mara mbili ya mkopo wa baba, alinyamaza akaenda kuangalia chai.

Lakini mpenzi msomaji, kizazi ni shati tu. Moyo ni injini, na hapa ndipo wengi hukosea.

Vizazi viwili vya kwanza, na SH za miaka ya mwanzo, vina injini za ukoo unaoitwa EJ. Ni injini ngumu na spea zake zimejaa kila mahali. Ndani yake kuna mkanda wa mpira unaofungamanisha mwendo wa pistoni na mwendo wa vali ili zisigongane. Mkanda huo lazima ubadilishwe kila baada ya kilomita 100,000 hivi. Ukikatika gari likiwa mbioni, pistoni hugonga vali. Fundi alinionyesha vali za mteja mmoja aliyepitisha muda huo: zilikuwa zimepinda kama misumari iliyong'olewa mbaoni. Usipoziba ufa utajenga ukuta, na ukuta wa injini hujengwa kwa pesa nyingi.

Mwishoni mwa mwaka 2010, SH ikiwa bado na umbo lile lile, Subaru ilibadilisha injini ya kawaida ya lita 2.0. EJ ikatoka, FB ikaingia. FB haina mkanda wa mpira, ina mnyororo wa chuma, ambao hauhitaji kubadilishwa kwa kilomita maalum. Nguvu ni zile zile za farasi 148, lakini FB iliundwa itumie petroli kidogo zaidi. Si malaika pia. FB za miaka ya mwanzo zilisifika vibaya kwa kunywa oili. Huko Marekani wenye magari walishtaki, na mwaka 2016 kesi ikaisha kwa suluhu. Kwa hiyo mwenye FB asiache kuchomoa kile kijiti cha oili na kukitazama kila juma.

SJ iliendelea na FB, lakini ikabadilisha gia. SH nyingi za otomatiki zina gia nne za kawaida. SJ za otomatiki zina CVT, ambayo haina gia za kupanda moja moja. Ndani yake mnyororo huzunguka kati ya puli mbili zinazopanuka na kubana. Gari huenda laini kama maji kwenye mtungi, tena SJ iko juu milimita 220 kutoka ardhini. Lakini CVT inataka oili yake maalum na fundi anayeijua. Nilimuuliza fundi wangu kama anaitengeneza. Akacheka: "Naijua kwa jina. Ikiharibika nitakuelekeza Nairobi." SK nayo huja na injini ya lita 2.5, au ya lita 2.0 inayosaidiwa na mota ya umeme, na tangu mwaka 2020 kukawa na ya lita 1.8 yenye tabo. Dizeli usiulize. Subaru iliitengeneza kwa soko la Ulaya, si la Japani ambako magari yetu mengi hutoka.

Na tabo ya mjomba? Tabo ni feni ndogo inayozungushwa na moshi unaotoka kwenye injini, nayo husukuma hewa nyingi ndani ya silinda ili petroli nyingi iungue kwa pamoja. SH ya kawaida ina nguvu za farasi 148. Ya tabo ya lita 2.0 ina 230. SJ ya tabo ina 280! Lakini feni hiyo inazunguka kwa kasi ya ajabu katika joto kali, na kinachoiokoa ni oili safi tu. Ukichelewesha oili, imekwisha. Pia inataka petroli ya kiwango cha juu.

Nilikwenda nyumbani nikafanya hesabu mbele ya wote. Safari ya nyanya kwenda na kurudi ni kilomita 120. Mara mbili kwa juma ni 240, na kwa mwezi ni kama 1,000. Fundi aliniambia niweke kilomita 10 kwa lita kwa gari la kawaida, na 7 na nusu kwa la tabo likiendeshwa na mtu kama mjomba. Tuseme lita moja ni shilingi 180. Gari la kawaida litakunywa shilingi 18,000 kwa mwezi. La tabo litakunywa 24,000. Tofauti ni 6,000 kwa mwezi, na kwa mwaka ni 72,000. Dada yangu yuko bweni. Baba alitazama ile 72,000 kwa muda mrefu, halafu akamtazama mjomba. Mjomba akasema, "Basi, Safari Rally nitaiangalia kwa televisheni."

Jumamosi moja tulikwenda Eldoret, baba, fundi na mimi. Tulikuta SH mbili nyeupe zimesimama bega kwa bega, ya mwaka 2009 na ya mwaka 2011. Ile ya 2009 ilikuwa rahisi kidogo, na baba alikuwa ameshaanza kutabasamu. Muuzaji akatuambia, "Hizi ni kitu kimoja, tofauti ni mwaka tu." Fundi hakubishana. Alinituma nisome nambari za chesisi. Moja ilianza na SH5, nyingine na SHJ. Hapo nikaelewa alichokuwa akinifundisha. Kwa umbo walikuwa mapacha, lakini SH5 ile ilikuwa na EJ ya mkanda, na hakuna aliyejua mkanda ulibadilishwa lini. SHJ ilikuwa na FB ya mnyororo, pamoja na gia nne ambazo fundi wetu anazijua. Kwa SJ vilevile, SJ5 ni ya kawaida na SJG ni ya tabo. Kwa SK, SK9 ni ya lita 2.5, SKE ni ya mota ya umeme, na SK5 ni ya lita 1.8 yenye tabo. Herufi tatu tu!

Hatukulipa siku hiyo. Fundi alitaka injini iwashwe ikiwa baridi kabisa, kwa hiyo tulirudi Jumatatu alfajiri. Moshi wa bluu ni oili inaungua. Moshi mweupe usiokoma, wenye harufu tamu, ni maji ya rejeta yanaingia kwenye silinda, na hapo ukimbie. Tulitazama oili, tukatazama rejeta, tukasikiliza. Baba naye alitafuta rekodi ya gari NTSA kuhakikisha kuwa anayeuza ndiye mwenyewe. Mali bila daftari hupotea bila habari.

Tulinunua ile SHJ. Si ya sura mpya, wala haina tabo. Vijana wa Mambaru hawatageuka kuitazama. Lakini masika haya imepita kwenye ule udongo mwekundu mara mbili kila juma, na nyanya hajakosa zamu hata moja. Huketi mbele, kitambaa chake kikavu, na kila tukipita njia panda huniuliza kama tumeshafika Turbo. Dada naye amemaliza muhula bila kurudishwa nyumbani.

Basi wenzangu, siku moja nanyi mtanunua magari, au wazazi wenu watanunua kabla yenu. Mtakapofika hapo msianze na rangi, wala msianze na mwaka. Anzeni kwa kuuliza gari litafanya kazi gani, kilomita ngapi, njia gani. Kisha ulizeni fundi wa karibu anajua injini ipi na gia zipi. Ndipo msome chesisi. Muuzaji akiwaambia kwamba zote ni kitu kimoja, mshukuruni kwa adabu, halafu mfungue boneti.