Bibi katika filamu si mchawi tu

Tunapokaa jioni mbele ya televisheni pamoja na watoto, tuangalie jambo moja: mama mwenye mvi anapewa nafasi gani? Mara nyingi katika michezo yetu yeye ni mama mkwe mwenye ulimi mkali, au ni mchawi. Mchezo unaisha, lakini neno hilo halizimiki pamoja na televisheni. Sisi wa Kivu tunajua: wako wamama wazee waliofukuzwa kwao, hata waliouawa, kwa sababu ya kuitwa wachawi.

Kwingine mambo yameanza kugeuka. Zamani huko Marekani mwigizaji mwanamke akipita miaka 40 aliona kazi zinapungua, huku mwanaume wa umri wake akiendelea kuwa shujaa. Lakini mwezi wa tatu 2023, Michelle Yeoh, mzaliwa wa Malaysia, alipata tuzo ya Oscar akiwa na miaka 60. Alicheza kama mama mwenye nyumba ya kufulia nguo, anayesumbuliwa na kodi na asiyeelewana na binti yake. Hapo mwanzo nafasi hiyo iliandikwa kwa ajili ya mwanaume.

Mlango haukufunguka wenyewe. Wanawake wengine hawakungoja kuitwa. Frances McDormand alishiriki kununua haki ya kitabu, kikawa filamu ya Nomadland, naye akapata Oscar 2021 akiwa na miaka 63. Viola Davis na mume wake wana kampuni yao ya kutengeneza filamu. Walishiriki kutoa The Woman King mwaka 2022, na yeye, mwenye miaka 57, akawa jemadari wa wanawake askari wa Dahomey, nchi ambayo leo ni sehemu ya Benin.

Karibu na kwetu, tumtaje Mary Twala wa Afrika Kusini. Katika filamu ya Lesotho ya mwaka 2019, This Is Not a Burial, It's a Resurrection, alicheza kama mjane wa miaka 80. Kijiji chake kinataka kufunikwa na maji ya bwawa, naye anakataa kuacha makaburi ya watu wake. Kijiji kizima kinaamka kwa sababu yake. Mama Twala alifariki mwezi wa saba 2020, naye alikuwa na miaka 80 kweli.

Nafasi bado ni chache, na wanaume wazee bado wanapata nyingi zaidi. Lakini tumeona njia: mwenye kushika hadithi ndiye anayegawa nafasi.

Leo vijana wetu wanatengeneza michezo kwa simu, uani mwetu. Wakija kutuomba kitenge cha kuvaa au kiwanja cha kuchezea, tuwape. Lakini kwanza tuwaulize: bibi wa mchezo huu ni nani, na anafanya nini? Wakikosa jibu, tukae nao tuwape hadithi ya bibi tunayemjua.