MTUNGA NGOMA WA JUKWAANI: KAZI YAKE NA JINA LAKE KATIKA DAR ES SALAAM

Magomeni iko ng'ambo ya bonde la Jangwani, mwendo mfupi kutoka soko la Kariakoo. Serikali ya Waingereza ilipajenga katika miaka ya 1950 pawe makazi ya Waafrika, na baadaye kumbi zake zikapata sifa katika mji mzima. Kwa wapenzi wa muziki majina mawili yatosha: ukumbi wa DDC Magomeni Kondoa, na hoteli ya Travertine, ambayo kwa miaka mingi ilikuwa kama makao ya taarabu ya kisasa.

Mtu aliyehudhuria maonyesho katika kumbi za namna hii miaka ya 1980 na 1990 aliweza kurudi nyumbani akiwataja kwa majina mwimbaji, mchekeshaji na mpiga kinanda. Lakini alipoulizwa ni nani aliyeipanga ngoma, nani aliyeamua kwamba wanawake waingie kwa upande wa kushoto, wanaume wapige magoti, na wote wageuke kwa pigo moja, aghalabu alijibu kwamba ni kikundi, au kwamba hiyo ni ngoma ya Wamakonde. Majibu yote mawili yana kweli ndani yake, wala hakuna hata moja linalotosha. Yuko mtu mmoja aliyekaa siku nyingi na wachezaji akiiunda ngoma ile kabla haijaonekana na watu. Mtu huyo hana jina lililozoeleka katika Kiswahili, na pengine ndiyo sababu hakumbukwi.

Lugha za Ulaya huiita kazi hii kwa neno la Kiyunani lenye maana ya kuandika ngoma. Kiswahili kimeikabili kwa maneno mengi madogo, na kila moja lina upungufu wake. Neno "ngoma" lenyewe ni pana mno: ni chombo kipigwacho, ni uchezaji, ni nyimbo, na tena ni sherehe nzima pamoja na watu wake. Kitenzi "kuchezesha" kingefaa, kama kisingekwisha kutekwa na waamuzi wa mpira. "Manju" ni bingwa wa nyimbo na ngoma, lakini sifa yake hasa imo katika kuongoza siku ya ngoma yenyewe. "Kungwi" hufunza mwari kucheza, ila anachofunza si chake, naye hana ruhusa ya kukibadili apendavyo. Wasukuma wana neno zuri zaidi, "ningi", yaani kiongozi wa ngoma aliye pia mtunzi wake, ambaye sifa yake hupanda na kushuka kwa jinsi anavyowashinda wapinzani. Katika vikundi vya Dar es Salaam mtu huyu aliitwa mwalimu wa ngoma. Jina hilo lina heshima, lakini laficha nusu ya kazi, kwa maana mwalimu hufundisha kilichopo.

Haifai kudhani kwamba kazi hii ililetwa na majukwaa ya serikali. Beni, iliyoanza pwani mwishoni mwa karne ya 19 na kuenea bara, ilikuwa na wapangaji wake. Vyama vya Marini na Arinoti vilishindana kwa sare, kwa vyeo, na kwa mwendo uliochukuliwa katika gwaride la askari ukageuzwa kuwa mchezo. Kulitunga gwaride upya hata likachezeka kulihitaji jicho la mtu fulani. Lelemama ya wanawake nayo ilikuwa na vyeo vyake na mashindano yake. Vyama hivi vilijua kwamba mtindo mpya ni silaha.

Jambo jipya lilikuja baada ya uhuru. Tarehe 10 Desemba 1962 Mwalimu Nyerere, aliyepata kuwa mkazi wa Magomeni na ambaye nyumba yake huko imefanywa makumbusho, alitangaza kuundwa kwa wizara ya utamaduni wa taifa na vijana. Alisikitika kwamba Waafrika walifundishwa ngoma za Kizungu ilhali wengi wao hawakupata hata kuziona ngoma za makabila ya nchi yao. Katika miaka iliyofuata kiliundwa Kikundi cha Taifa cha Ngoma, na wachezaji wake wakatakiwa kucheza ngoma za makabila ambayo si yao. Hapo ndipo mpangaji akawa ni lazima. Aliyezaliwa katika ngoma haihitaji kupangwa kwa ajili yake, lakini Mnyamwezi anayecheza sindimba mbele ya mgeni wa serikali yahitaji apangiwe kila hatua.

Yafaa kueleza kwa undani kidogo kazi hiyo ilikuwa nini. Ngoma nyingi za kijijini huchezwa kwa duara, au kwa mistari inayotazamana. Duara halina mbele wala nyuma. Anayetazama yumo ndani yake, na dakika yoyote aweza kuwa mchezaji. Jukwaa lina upande mmoja tu wa kutazamia. Basi kazi ya kwanza ni kulivunja duara na kuwakabilisha wachezaji na watu waliokaa vitini, bila ngoma kugeuka kuwa foleni. Hili likifanyika, wapiga ngoma, ambao kijijini huwa karibu na wachezaji na kuonana nao uso kwa uso, mara nyingi husukumwa nyuma. Mchezaji hamwoni tena mpigaji. Kila badiliko la hatua lazima lisikiwe: lazima pawepo pigo la kukata, ambalo wote wamekubaliana kwamba likilia mstari wa pili unapita mbele, na likirudiwa wote wanashuka chini. Mtazamaji hulisikia pigo hilo kama pambo. Kumbe ndilo linaloibeba ngoma nzima.

Kazi ya pili ni ya wakati. Ngoma iliyochezwa usiku kucha hupewa dakika chache. Kinachopotea kwanza ni marudio, na katika marudio ndimo kijijini mchezaji mwenye kipawa hupata nafasi ya kuongeza la kwake. Mpangaji huyakusanya mazuri ya watu kumi na kuyafanya ya wote kwa pamoja. Ngoma hupata umoja na kupoteza ubishi. Wako waliosikitikia jambo hilo, nao wana haki. Lakini wengi wao hawakupata kujaribu kuwafanya watazamaji mia tano wasiojua maana ya nyimbo watulie kwa robo saa.

Kazi ya tatu ndiyo ngumu, nayo ni ya kiuno. Sindimba yahusiana na sherehe za jando na unyago, na uchezeshaji wa kiuno una mafunzo yake kwa watu waliokusudiwa kufunzwa. Kiuno hicho hicho kikiwekwa mbele ya mawaziri, wakwe na watoto, husema maneno mengine. Sindimba ya jukwaani imelaumiwa mara nyingi kwa kuvunja heshima, na imelaumiwa vile vile kwa kupoa. Mwalimu wa ngoma alisimama katikati ya lawama hizo mbili, akiamua kwa macho yake kiuno kiishie wapi. Mtu afanyaye uamuzi wa namna hiyo haitoshi kumwita mfundishaji.

Wanazuoni walianza kuyatazama mambo haya mapema. Godwin Kaduma aliandika tasnifu yake ya uzamili katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam mwaka 1972 juu ya ngoma tano za Tanzania, akizieleza kwa jicho la mtu wa sanaa za maonyesho. Mwaka 1981 Chuo cha Sanaa kilifunguliwa Bagamoyo, nacho tangu 2007 huitwa Taasisi ya Sanaa na Utamaduni. Wakati huo huo mjini Dar es Salaam kazi ilikwisha kuhamia kwa vikundi vya kujitegemea. Muungano Cultural Troupe, kilichoanzishwa na Norbert Chenga mwaka 1980, kiliwapa watu jioni nzima ya ngoma, vichekesho, sarakasi, maigizo na nyimbo kwa kiingilio kimoja. Mwaka 1992 Chama cha Mapinduzi kikaunda Tanzania One Theatre chini ya Kapteni John Komba, na mashindano ya vikundi hivi viwili yakawa gumzo la mji. Taarabu ilipozidi kupendwa, ngoma ilisogezwa mwanzoni mwa maonyesho, saa ambayo watu wangali wakitafuta viti. Mwalimu wa ngoma akajikuta anatunga kwa ajili ya ukumbi usiojaa.

Hapa yapasa kutaja jambo ambalo halitajwi sana. Kwa muda wa miaka zaidi ya thelathini baada ya uhuru, chombo kikuu cha kuhifadhi sanaa Tanzania Bara kilikuwa redio. Zanzibar ilipata televisheni mapema, mwaka 1973, tena ya rangi. Bara haikuwa nayo mpaka vituo vya binafsi vilipoanza mwaka 1994, na televisheni ya taifa ikafuata mwaka 2000. Redio haina macho. Ilirekodi nyimbo kwa wingi, ikawataja waimbaji na watunzi, na kanda zake zimebaki. Hatua za ngoma zilizotungwa katika miaka ile ile hazikuingia katika kanda hizo. Nyingi zilibaki katika miili ya wachezaji, na wachezaji hao wamezeeka au wamefariki.

Televisheni ilipokuja ilileta macho, lakini macho yake huchagua. Mpangaji aliyejifunza kulikabili jukwaa lote sasa alimkuta mtu mwenye kamera anayekata miguu ili apate uso, au anayekaza jicho kiunoni na kuuacha mstari mzima nje. Faida nayo ilikuwapo: wachezaji wakaanza kujulikana. Aisha Madinda na Super Nyamwela, waliovuma katika bendi ya African Stars, walipata umaarufu wa waimbaji, na neno "mnenguaji" likaingia katika magazeti. Katika miaka ya 2010 kituo cha EATV kiliendesha mashindano ya Dance 100%, ambamo makundi ya vijana yalipimwa kwa ubunifu wa hatua zao. Hata hivyo "mnenguaji" ni yule achezaye. Aliyeitunga "shoo", kama vijana wasemavyo, bado hana neno lake.

Ukosefu huu si wa lugha tu, una matokeo katika sheria. Marekani nako watunga ngoma wa michezo ya nyimbo walikaa muda mrefu bila haki iliyo wazi. Hanya Holm, aliyetunga ngoma za mchezo wa Kiss Me, Kate ulioanza kuonyeshwa New York mwaka 1948, alifaulu kuandikisha hakimiliki ya ngoma hizo mwaka 1952 kwa kupeleka maandishi ya alama alizozibuni Rudolf Laban, ambazo huonyesha mwendo wa kila kiungo. Sheria ya nchi hiyo ilikuja kuzitaja ngoma waziwazi mwaka 1976. Tanzania ina Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki, Namba 7 ya mwaka 1999. Sheria hiyo huhesabu utunzi wa ngoma miongoni mwa kazi zinazolindwa, na katika sehemu nyingine hulinda sanaa za jadi za wananchi. Mwalimu wa ngoma wa Magomeni yu baina ya sehemu hizo mbili. Akisema sindimba yake ni utunzi, ataambiwa ni mali ya Wamakonde. Akisema ni ya jadi, kikundi kingine chaweza kuichukua kama alivyoipanga yeye, pamoja na mapigo yake yote ya kukata.

Kiswahili kina kitenzi kiwezacho kuamua shauri hili, nacho ni "kutunga". Hutungwa wimbo, na hutungwa shanga. Mtunga shanga hadai kwamba ameziumba. Aliyeagiza akazinunua aweza kuwa mwingine. Kilicho chake ni uzi na mpango: nyeupe mbili, nyekundu moja, kisha kubwa katikati. Kwa maana hii "mtunga ngoma" lamfaa mpangaji wa jukwaani kuliko "mwalimu wa ngoma", kwa sababu laacha hatua za asili mikononi mwa wenyewe na kumpa yeye mpango wake. Shauri la namna hii likifika mbele ya hakimu, swali la kwanza litakuwa zipi ni shanga na upi ni uzi. Wala shahidi bora huenda asiwe mchezaji. Huenda akawa yule mpiga ngoma aliyekaa nyuma yao wote, asiyeonekana vizuri, ambaye mkono wake ungali ukikumbuka ni wapi palilia pigo la kukata, na ni nani aliyemwambia alipige hapo.