Mwandishi Aliyempa Mgonjwa Nafasi ya Kwanza

Filamu ikiisha tunamkumbuka mwigizaji. Ni mara chache tunauliza: nani aliyeiandika hadithi hii?

Mwaka 2001 Tanzania ilipeleka filamu kuwania tuzo ya Oscar kwa mara ya kwanza. Iliitwa Maangamizi: The Ancient One. Iliongozwa na Mtanzania Martin Mhando pamoja na Mmarekani Ron Mulvihill. Mswada wake uliandikwa na mwanamke, Queenae Taylor Mulvihill, ambaye wachache wetu wanalijua jina lake. Filamu haikushinda, na ikapita miaka 21 kabla nchi yetu haijapeleka nyingine, Vuta N'Kuvute, mwaka 2022.

Kisa chenyewe

Daktari Asira, Mmarekani mweusi, anafanya kazi katika hospitali ya wagonjwa wa akili hapa Tanzania. Anamkuta Samehe, mama ambaye kwa miaka mingi hajatamka neno. Samehe anaigizwa na Profesa Amandina Lihamba. Kati yao anatokea bibi wa kale, Maangamizi, roho ya wahenga. Habari za wahenga kila Mkristo atazipima kwa imani yake. Lakini tazameni alivyofanya mwandishi: hakumweka mgonjwa pembeni achekwe. Alimweka katikati, na daktari anapomhudumia anakutana na majeraha yake mwenyewe.

Akina Samehe wetu

Sisi wauguzi wa Singida tunawafahamu akina Samehe. Mama amejifungua, halali, hali, hamtazami mtoto. Majirani wanasema ana kiburi, au amerogwa. Anafichwa chumba cha nyuma, na wakati mwingine anafungwa kamba. Analetwa hospitali akiwa amedhoofika sana.

Dada yangu, usingoje kufika huko. Mpeleke zahanati au kituo cha afya mapema. Ikibidi ataandikiwa rufaa hadi Mirembe, Dodoma. Kwenda Mirembe si aibu. Akianza dawa, asiziache bila kumwuliza daktari. Akisema anataka kujiua, au kumdhuru mtoto, msimwache peke yake. Mpelekeni siku hiyo hiyo.

Na zaidi ya dawa, keti naye. Jina Samehe ni zuri, lakini kusamehe si kumeza uchungu na kunyamaza. Aliyeumizwa anahitaji kwanza mtu wa kumsikiliza. Mtu huyo anaweza kuwa wewe.