Makato yasiyojulikana: siku 120 za kudai

Mfanyabiashara anayepitia taarifa ya benki huweza kukuta makato ya "APPLE.COM/BILL" akaapa hajanunua kitu. Mara nyingi ni ada ya kila mwezi ya huduma aliyoijaribu bure akaisahau, au iliyobonyezwa na mtoto aliyeshika simu.

Jina kwenye taarifa ni la mpokeaji fedha, si lazima la huduma yenyewe. Kiasi nacho hupotosha. Bei ikiwa ya dola, makato ya shilingi hubadilika kila mwezi kwa kufuata kiwango cha ubadilishaji, na benki inaweza kuongeza ada yake juu.

Huduma isitishwe kwanza kwa muuzaji, na uthibitisho utunzwe. Kubadili kadi pekee si dawa: Visa na Mastercard zina mfumo unaoweza kumfikishia muuzaji namba mpya, makato yakaendelea. Muuzaji akigoma, mteja aiandikie benki iliyotoa kadi akiambatanisha uthibitisho huo. Kama ni wizi, kadi ifungwe siku hiyo hiyo.

Kwa madai mengi mitandao hiyo huweka ukomo wa siku 120. Wanaosoma taarifa zao wakati wa kufunga hesabu za mwaka, nao si wachache, hukuta makato ya mwanzo yameshapitwa.