Mkono uliokatika na mikono iliyobaki

Sisi wa Lubumbashi tunaishi mbali na bahari. Kiumbe tunachokieleza leo hakipatikani katika Ziwa Mweru wala Tanganyika, kwa kuwa jamaa yake yote huishi katika maji ya chumvi tu. Ni ofiura, ndugu wa nyota ya bahari. Ana mwili mdogo wa mviringo kama sarafu, na mikono mitano mirefu, myembamba, yenye miiba.

Aina moja huishi kwenye miamba ya pwani ya Kenya na Zanzibar, pale maji yanapokupwa na kujaa. Mwaka 1816 Mfaransa Lamarck aliipa jina linalotokana na tandu. Leo wataalamu huiita Ophiocoma scolopendrina.

Maji yakianza kupanda, ofiura huyu hatoki wote katika shimo lake. Mikono mingine hushika mwamba ndani. Mingine huinuka mpaka juu ya maji na kufagia chembe za chakula zinazoelea. Vijiguu laini vilivyo chini ya mkono huzikusanya na kuzipeleka mdomoni, katikati ya mwili. Hana ubongo, mshipa wa fahamu unaozunguka mdomo ndio unaounganisha mikono yote.

Samaki au kaa akimkamata mkono, ofiura anaweza kuuacha ukatike ili aponyoke. Mkono ule peke yake hufa. Mwili ukiwa hai, mkono mpya huota polepole, kwa wiki na miezi. Kuota huko kunahitaji chakula, na mikono iliyobaki ndiyo inayokileta.

Paulo aliwafundisha Wakorintho juu ya mwili mmoja wenye viungo vingi. Katika makanisa yetu ya mashariki kuna viungo vilivyoumia: jamaa waliokimbia vita, wajane walioacha mashamba, watoto waliokatizwa masomo. Mara nyingi tunawaambia, "Vumilieni, Mungu atarudisha." Tunaamini hivyo. Lakini tusiwaache wangoje peke yao. Maombi yetu yaende pamoja na unga, mahali pa kulala na malipo ya shule, mwezi kwa mwezi, maana kupona kunachukua muda.

Ofiura hufanya hivyo bila kufikiri, kama Muumba alivyomfanya. Sisi tumepewa akili, na tena tumepewa amri ya kupendana.